Nani Alimchinja Madonna? Mtenda Aliyefichwa katika Filamu ya Kinatay ya Brillante Mendoza

Ikisiri

Makala haya yanahakiki filamu ya Kinatay (2009) ya mwongozaji Mfilipino Brillante Mendoza, inayosimulia jinsi mwanafunzi wa upolisi anavyojikuta, kwa muda wa usiku mmoja, mshiriki katika utekaji na mauaji ya mwanamke jijini Manila. Mjadala kuhusu filamu hii umetawaliwa na suala la ukatili unaoonyeshwa ndani yake. Sisi tunaanzia kwenye sarufi: jina la filamu ni kitenzi cha kutendwa kisichotaja mtenda, na filamu yenyewe ni jitihada ya kumrudisha mtenda huyo mbele ya macho ya mtazamaji. Tunadai kwamba jitihada hiyo inafaulu sana katika safari ya gari, inapungukiwa katika ujenzi wa mhusika Madonna, na kwamba kazi za mwongozaji huyu baada ya 2016 zinatulazimu kuisoma filamu upya.

1.0 Utangulizi

Mwezi Mei 2009, jopo la majaji wa tamasha la filamu la Cannes, chini ya uenyekiti wa mwigizaji Isabelle Huppert, lilimtunuku Brillante Mendoza tuzo ya mwongozaji bora kwa filamu ya Kinatay. Hakuna Mfilipino aliyewahi kuipata tuzo hiyo kabla yake. Siku chache kabla ya hapo, mhakiki wa Marekani Roger Ebert alikuwa ameitaja kuwa filamu mbaya kuliko zote katika historia ya tamasha lile. Quentin Tarantino, ambaye naye alikuwa na filamu mashindanoni mwaka huo, alimwandikia Mendoza barua ya kumsifu. Ukiusoma leo mjadala ule utaona kwamba wasifu na walaani walikuwa wakijibu swali moja: je, ni haki mtazamaji kuwekwa mbele ya mwili wa binadamu unaokatwa vipande? Swali hilo ni halali. Hata hivyo, sehemu ya ukataji ni fupi, ina giza, na kwa maoni yetu si kiini cha kazi hii.

Huenda msomaji akauliza kwa nini kongamano la Kiswahili lishughulike na filamu ya Ufilipino. Sababu ya kwanza ni nyepesi. Tamthilia za Kifilipino zimeonyeshwa katika televisheni za kanda yetu kwa miaka mingi, nyingine zikiwa zimeingizwa sauti za Kiswahili, kiasi kwamba watazamaji wetu wanaifahamu vyema Manila ya urithi, mapenzi yaliyokatazwa na mama wakwe wakali. Manila nyingine, ile ya filamu kama hii, haijatufikia kwa kiwango hicho, na wahakiki wetu hawajaisemea.

Sababu ya pili ni nzito zaidi. Katika habari za Kiswahili za miaka ya karibuni kuna tungo ambayo imezoeleka hata haishtui tena: fulani ametekwa na watu wasiojulikana. Kisarufi tungo hiyo ina mtenda. Kimaana haina. Nafasi ya mtenda imejazwa na maneno ambayo kazi yake ni kuiacha wazi. Atakayeitazama Kinatay akiwa ameizoea tungo hiyo ataona mambo ambayo majaji na wahakiki wa Cannes hawakuwa na sababu ya kuyatafuta.

2.0 Kitenzi kisicho na mwenyewe

Mzizi wa neno kinatay katika Kitagalogi ni katay. Maana yake ni kuchinja mnyama na kumkatakata kwa ajili ya nyama. Machinjio huitwa katayan. Kitagalogi kina kitenzi kingine cha kuua, chenye mzizi patay, na kama mwandishi wa filamu, Armando Lao, pamoja na Mendoza wangetaka kusema tu kwamba mtu aliuawa, wangetumia pinatay. Tofauti ya maandishi ni herufi moja. Tofauti ya maana ni ile iliyopo kati ya mahali pa mauaji na bucha.

Kiambishi kati -in-, kinachopachikwa baada ya konsonanti ya kwanza ya mzizi, hufanya kazi mbili kwa pamoja. Kwanza huonyesha kwamba tendo limekwisha. Lingekuwa linaendelea, neno lingekuwa kinakatay. Pili hugeuza macho ya tungo yamwelekee mtendwa. Mtenda anaweza kutajwa baadaye kwa kialamishi chake, na anaweza pia kuachwa bila tungo kuharibika. Kufikia hapo msomaji wa Kiswahili yuko nyumbani, maana kauli yetu ya kutendwa huruhusu jambo hilohilo: alichinjwa na fulani, au alichinjwa, nukta. Lakini kitenzi cha Kitagalogi kinakwenda mbali zaidi, kwa kuwa hakibebi nafsi, idadi wala jinsia ya aliyetendwa. Kinatay inaweza kuwa mwanamke mmoja, inaweza kuwa nguruwe, inaweza kuwa watu wawili.

Uwezekano huo wa mwisho si mchezo wa wanaisimu. Filamu hii ilisambazwa pia kwa jina la Kiingereza ambalo maana yake ni kunyongwa au kuuawa kwa P., na P. hawezi kuwa mwingine ila Peping, kijana ambaye filamu inamfuata kuanzia asubuhi hadi alfajiri ya pili. Wasambazaji walichagua jibu. Kitenzi cha Kitagalogi hakichagui. Madonna anakufa na mwili wake unatupwa vipande vipande kandokando ya barabara; Peping anapewa ujira na kurudi nyumbani akiwa mzima. Jina la asili linawaweka wote wawili chini ya kitenzi kimoja, na linakataa kutwambia ni nani aliyeshika panga.

Inafaa kukumbuka kwamba Ufilipino ni nchi yenye historia ndefu ya maneno ya namna hii. Wakati wa utawala wa Ferdinand Marcos, neno la Kiingereza lenye maana ya kuokoa mali iliyozama lilianza kutumika huko kwa maana ya kumuua mtu bila kesi na kuutupa mwili wake. Wanaisimu wengi hulihusisha na neno la Kihispania la ushenzi. Magazeti ya udaku nayo yalikuwa na jina la kudumu kwa wanawake waliokutwa wamekatwakatwa, jina lenye mdundo wa kuchekesha ambalo linaweza kuimbwa na watoto. Katika maneno haya yote aliyefanya hayumo. Kuna mwili, kuna mahali ulipookotwa, kuna neno la kuuhifadhia.

3.0 Safari ya gari

Filamu inaanza mchana, na inaanza kwa furaha. Peping (Coco Martin) na Cecille (Mercedes Cabral) tayari wana mtoto mchanga. Leo wanakwenda kufunga ndoa ya serikali. Kamera inawafuata katika msongamano wa watu na magari, katika jua kali, kwa papara ya mtu anayechelewa. Njiani kuna mtu aliyepanda juu ya ubao mkubwa wa tangazo akitishia kujirusha. Umati umesimama unatazama, na waandishi wa televisheni wamekwisha kufika. Peping naye anatazama kidogo, kisha anaendelea na safari yake. Wahakiki kadhaa wameliona tukio hili kuwa pambo la mandhari. Sisi tunaliona kuwa somo la kwanza la filamu: mtu anaweza kuwapo, akaona, akasikitika, na kuwapo kwake kusibadilishe chochote.

Baada ya ndoa na chakula cha pamoja, Peping anakwenda darasani kujifunza kazi ya upolisi. Jioni anamsaidia Abyong, aliyesoma naye, kukusanya fedha za ulinzi kwa wafanyabiashara wadogo wa mitaani. Ni kosa, lakini ni kosa dogo lililozoeleka, na limewekwa hapo bila muziki wa kutisha. Abyong anamwambia kuna kazi nyingine ya usiku. Peping, mwenye mke mpya na mtoto wa kulisha, anapanda gari.

Kuanzia hapo Mendoza anafanya jambo ambalo waongozaji wengi wa filamu za uhalifu wasingethubutu. Madonna (Maria Isabel Lopez), mwanamke anayefanya kazi katika klabu ya usiku na anayedaiwa fedha za dawa za kulevya na kiongozi wa kundi, anaingizwa garini, anapigwa, anafungwa mdomo na kulazwa sakafuni. Kisha gari linaendelea kwenda. Linatoka mjini, linaingia barabara kuu, linaenda tu. Hakuna kona inayofichua siri, hakuna gari la polisi linalowakimbiza, kwa sababu inadhihirika taratibu kwamba polisi ni wao. Picha ni giza. Uso wa Peping unaonekana pale tu taa za barabarani zinapopita, kisha unapotea, kisha unaonekana tena. Muziki wa Teresa Barrozo ni mngurumo unaochanganyika na wa injini hata mtazamaji asijue upi ni upi. Muda wa safari unakaribia muda halisi. Armando Lao aliwafundisha waandishi chipukizi namna ya kuandika filamu kwa kufuata hadithi zinazookotwa katika maisha ya kila siku na muda wake halisi, na hapa mbinu hiyo inapata matumizi yake makali kuliko yote.

Mtazamaji asiye na subira huuliza: mbona hakuna kinachotokea? Kinachotokea ni kwamba Peping amekaa. Kila dakika inayopita akiwa amekaa inaongezwa kwenye hesabu yake. Taharuki ya kawaida hutokana na kutojua kitakachofuata. Hapa tunajua vizuri kitakachofuata, na Peping anajua, na kinachotukaba koo ni wingi wa nafasi ambazo angeweza kusema neno. Baadaye, wakiwa tayari kwenye nyumba ya mauaji, anatumwa kununua mahitaji. Anafika kituoni, anapanda basi. Milango bado i wazi. Anashuka, anarudi.

Uhakiki wetu wa Kiswahili una istilahi yake kwa mambo kama haya: mmomonyoko wa maadili. Tumeitumia mno, katika tahakiki za riwaya na hata katika ripoti za kamati za elimu, na filamu hii inaonyesha kasoro yake. Momonyoka ni kitenzi cha kauli ya kutendeka. Maadili yanamomonyoka kama kingo za mto. Huwezi kusema yamemomonyoka na mtu fulani, sarufi haikuruhusu. Kwa hiyo istilahi yetu imemfukuza mtenda kabisa, zaidi hata ya kauli ya kutendwa, ambayo angalau inamwachia mlango nyuma ya kiunganishi na. Kuna momonyoa, kitenzi kisichokosa mtenda, lakini ni nadra kukikuta katika tahakiki. Tukisema kwamba Kinatay inasawiri mmomonyoko wa maadili ya kijana, tutakuwa tumerudia kosa ambalo filamu imetumia karibu saa mbili kulirekebisha. Peping hamomonyoki. Anakaa garini, anashuka kwenye basi, anapokea fedha. Ni vitenzi vya kutenda, na kila kimoja kina kiambishi cha nafsi.

4.0 Majina ya kazi na lugha ya utii

Kiongozi wa kundi anaitwa Kap, yaani Kapteni. Msaidizi wake anaitwa Sarge, yaani Sajini. Ni majina yaliyotengenezwa kwa vyeo. Mtu anayetajwa kwa cheo chake hajibiwi kama mtu, anaitikiwa. Katika Kitagalogi kijana akizungumza na mkubwa wake hupachika katika tungo zake kijineno po, ambacho hakina maana ila heshima, na mkubwa asiye wa ukoo huweza kuitwa kuya, kaka. Maandishi ya tafsiri yanayopita chini ya picha hayawezi kuyabeba haya. Msomaji wa Kiingereza anaona amri na jibu. Msikilizaji wa Kitagalogi anasikia adabu.

Hapa Kiswahili kingefanya vizuri kuliko Kiingereza. Tunalo neno afande, tunazo shikamoo na naam, tunao unyenyekevu wa kijana anayesema ndiyo kabla ya kuelewa alichoambiwa. Mfasiri angeweza kutuonyesha kwamba Peping haingii katika uovu kwa kuwa mkorofi. Anaingia kwa sababu ana adabu, na adabu hiyo imeshikwa na watu wabaya. Kwa mtu anayeandaa mitaala ya vyuo vya polisi nadhani jambo hili lina uzito kuliko mhadhara wowote kuhusu rushwa: mafunzo yale yale yanayomzoesha kijana kuitikia cheo ndiyo yanayomnyima neno la kukataa.

Mendoza hakuwa wa kwanza kuligusa. Filamu ya Jaguar (1979) ya Lino Brocka, iliyoingia katika mashindano ya Cannes mwaka 1980 na kumfanya Brocka kuwa Mfilipino wa kwanza kufika hapo, inamhusu mlinzi wa lango ambaye tajiri wake anamfanya rafiki, na urafiki huo unamfikisha kwenye kuua. Jina lenyewe ni neno la mitaani lililopatikana kwa kugeuza silabi za neno la Kihispania la mlinzi, namna vijana wa miji yetu wanavyopindua maneno. Chui wa msituni ni mlinzi aliyepinduliwa. Tofauti ni kwamba mlinzi wa Brocka anadanganywa na ndoto ya kuingia katika tabaka la juu. Mhusika wa Mendoza hana ndoto kubwa, anataka tu usiku upite. Filamu za baadaye za nchi hiyo kuhusu utekaji na mauaji ya kukodiwa, kama Graceland (2012) ya Ron Morales au On the Job (2013) ya Erik Matti, ni hodari zaidi katika ufundi wa taharuki. Zina njama, zina mafundo ya kufumbuliwa. Ndiyo maana zinamwachia mtazamaji starehe ambayo Kinatay inamnyima.

5.0 Madonna

Tumesema filamu hii inamrudisha mtenda. Gharama ya kumrudisha imelipwa na mtendwa.

Madonna ana jina la mama wa Yesu katika nchi ya Wakatoliki wengi, na jina hilo linabeba karibu kila kitu tunachopewa kumhusu. Tunajua anafanya kazi klabu na anadaiwa. Tunamsikia akisihi. Asubuhi nzima ya Peping tulipewa bila haraka: mke, mtoto, jamaa, chakula cha harusi. Madonna hakupewa asubuhi. Anaingia katika hadithi akiwa tayari ni mtu wa usiku, na muda mfupi baadaye mdomo wake umefungwa. Mtu anaweza kujibu kwamba tunaona kwa macho ya Peping, na Peping hamjui. Mbinu inadai hivyo. Jibu hilo linatosha kwa mbinu, halitoshi kwa haki. Mwongozaji aliyechagua mahali pa kuweka kamera amechagua pia nani atakuwa na maisha.

Tatizo hili linazidi katika nyumba ya mauaji, ambako anabakwa kabla ya kuuawa. Katika safari ya gari giza lilikuwa linatunyima starehe ya kutazama. Ndani ya nyumba giza linabaki, ila kamera sasa inatafuta mwili, na sauti inafanya kazi ambayo picha imekataa kuifanya. Hapo lawama za mwaka 2009 zilikuwa na msingi, ingawa zililenga wingi wa damu badala ya kulenga jambo hili. Tofauti kati ya kumwonyesha mtu aliyefanywa nyama na kumfanya nyama kwa mara ya pili ni nyembamba, na nionavyo Mendoza anaivuka pale.

Anarudi upande wake sahihi katika sehemu ya mwisho, ambayo wengi huisahau. Mifuko imetupwa. Wanaume wamekaa kula. Peping anachukua teksi, tairi linapasuka, anasimama kando ya barabara asubuhi inapokucha akisubiri kama abiria yeyote. Kisha tunapelekwa kwa Cecille akiwa na mtoto, anapika. Hatusemewi kama Peping atazungumza. Chakula kiko jikoni.

6.0 Kuisoma baada ya 2016

Mwaka 2016 Rodrigo Duterte aliingia madarakani na kuanzisha vita dhidi ya dawa za kulevya. Serikali yenyewe ilikiri vifo zaidi ya 6,000 katika operesheni za polisi hadi alipoondoka mwaka 2022. Mashirika ya haki za binadamu yanasema idadi halisi ni kubwa mno kuliko hiyo. Mwezi Machi 2025 alikamatwa na kupelekwa The Hague kwa hati ya Mahakama ya Kimataifa ya Jinai. Katika miaka ile neno moja la Kitagalogi lilizagaa katika taarifa za polisi: nanlaban, alipambana. Lilieleza kwa nini mshukiwa alikufa. Sarufi ya taarifa hizo ingemvutia mwanaisimu yeyote, kwa kuwa mtenda alirejeshwa kwenye tungo, lakini mtenda huyo ni maiti. Yeye ndiye aliyepambana. Polisi hawakufanya kitu, waliitikia tu. Kiswahili cha habari kina tungo za jamii hiyo, kama ile ya mshukiwa aliyeuawa katika majibizano ya risasi, ambamo hata risasi zimepewa uwezo wa kujibizana.

Mwongozaji wa Kinatay alikuwa wapi? Mwaka 2016, na tena 2017, Mendoza ndiye aliyeongoza matangazo ya televisheni ya hotuba ya Rais kwa taifa. Mwaka huohuo wa 2016 filamu yake ya Ma' Rosa, inayosimulia familia maskini inayobanwa na polisi ili itoe fedha, ilimpa mwigizaji Jaclyn Jose tuzo ya mwigizaji bora wa kike huko Cannes. Mwaka 2018 Netflix ilionyesha mfululizo wake AMO, kuhusu ulimwengu wa dawa hizo, ukapingwa na watetezi wa haki pamoja na jamaa za waliouawa, walioona kwamba unazihalalisha operesheni zile.

Sipendi uhakiki unaomhukumu msanii kwa kazi aliyoikubali baadaye, na sitaki kudai kwamba filamu ya 2009 ilificha ndani yake msimamo wa 2016. Ila historia hii inajibu swali la kifani ambalo tahakiki za mwanzo ziliruka. Waliomtetea Mendoza walisema kwamba kumkalisha mtazamaji karibu na mtenda, kwa muda halisi, bila sauti ya msimulizi, ni hukumu tosha. Sivyo. Ukaribu hauhukumu. Unaweza kumfanya mtazamaji ajione ameshiriki, na unaweza pia kumzoesha, hata akaona kwamba polisi aliyechoka usiku wa manane naye ana mambo yake. Kinachoifanya Kinatay kuwa shitaka si kamera iliyo karibu. Ni asubuhi ile ya harusi, pamoja na basi lililokuwa na milango wazi. Viondoe viwili hivyo, mbinu ileile itatumikia bwana yeyote.

7.0 Jina la Kiswahili

Filamu hii ikitafsiriwa kwa Kiswahili iitweje? Watakaosema Mauaji wamerudi kwenye patay. Machinjioni ni jina zuri la bango, lakini limehamisha uzito kutoka kwa mtu hadi kwa mahali. Alichinjwa linatunza kauli ya kutendwa na kuisukuma mbali, katika wakati uliopita. Amechinjwa lingetunza hali ya tendo ambalo matokeo yake bado yapo. Kitenzi chinja chenyewe kina matatizo. Kwa Waislamu na kwa wengi wa pwani, kuchinja ni tendo lenye utaratibu na jina la Mungu. Mnyama asiyechinjwa ni kibudu. Katay haina heshima hiyo, na inaendelea baada ya koo hadi kwenye kukata minofu. Kwa upande mwingine tunao msemo wa kumchinja mtu kama kuku, kwa hiyo neno limekwisha kuvuka kutoka kwa mnyama hadi kwa binadamu bila msaada wetu. Kiambishi a- nacho kinatusaidia, kwa kuwa hakitofautishi mwanamume na mwanamke, wala mtu na mnyama.

Pendekezo letu ni Aliyechinjwa. Linakaribia muundo wa Kitagalogi ambamo kitenzi kinaweza kusimama kama nomino, yule aliyechinjwa, na linamwacha mtazamaji atafute ni yupi. Hasara yake ni idadi: aliye- ni mmoja. Waliochinjwa lingejibu mapema mno.

Kuna tatizo jingine litakalowapata watakaoisimulia katika vibanda vya video. Wasimulizi wa Kiswahili wa Tanzania na Kenya, na wenzao wa Uganda wanaotumia Kiganda, huweka sauti juu ya picha na kueleza nani anafanya nini, kwa vichekesho na majina ya kubandika. Katika safari ya gari hakuna cha kueleza. Msimulizi atalazimika ama kunyamaza kwa muda mrefu, jambo ambalo hadhira yake haimlipi alifanye, ama kusema kwa sauti kile ambacho filamu inakisema kwa giza: huyu kijana amekaa, bado amekaa. Bodi za kukagua filamu, ambazo huhesabu damu, matusi na uchi, hazina fomu yenye nafasi ya kuandika hilo. Zikiipiga marufuku Kinatay zitaipigia marufuku nyumba ya mauaji, na huenda zikakata sehemu hiyo na kuiruhusu iliyobaki. Kitakachobaki baada ya mkato huo ni harusi, darasa, gari, basi, chakula cha alfajiri na tairi lililopasuka, na mtazamaji hatakuwa amepunguziwa chochote.